Miezi Kumi na Minne Kwenye Kamba

Kijiwe chetu kiko nyuma ya soko, mkabala na duka la kudurufu karatasi. Kina mabenchi mawili, birika moja la Bwanausi muuza kahawa na ubishi usiokwisha. Wapo wanaokaa vijiweni kwa ajili ya bao, wapo wa karata, wapo wa kusema watu. Sisi tunacheza Lolote. Ni mchezo wa kutunga hadithi mkiwa mmekaa: kila mchezaji anajitungia mtu wake, mmoja anaiendesha hadithi, na jambo likifika pa hatari zinarushwa dadu tatu kuamua. Vitabu vyake vya kanuni vimeandikwa Kiingereza na vinajigamba kwamba vinafaa hadithi yoyote, ya vita, ya majini au ya kwenda mwezini, ndiyo maana tukauita hivyo. Kitabu cha kwanza kilisahauliwa na mgeni kwenye nyumba ya kulala wageni, miaka mingi sasa, na tangu hapo matoleo yamekuwa yakitufikia moja baada ya jingine, kila toleo nene kuliko lililotangulia. Kijiwe nacho kina kanuni zake mbili ambazo hazimo kitabuni. Kwanza, dadu hurushwa kwa mkono wa kulia, ndani ya sinia la Bwanausi, mbele ya watu wote. Pili, birika likikauka mchezo umekwisha, hata kama mtu wako yumo mdomoni mwa simba, mtaendelea kesho.

Hiyo ya pili ndiyo iliyotuponza. Miezi kumi na minne iliyopita mtu wa Sadallah, daktari mmoja mwoga kupindukia, alikuwa ananing'inia kwenye kamba juu ya korongo. Ili apande juu alihitaji kupata tisa au chini ya hapo. Sadallah alizichukua dadu, akazipuliza, na papo hapo Bwanausi akainamisha birika, tupu. Sadallah akazirudisha dadu kwenye sinia, akasema kesho ni siku. Kesho yake kiharusi kikampiga, kikachukua upande wote wa kulia na ulimi juu yake. Kibwana, anayeendesha hadithi, akatamka kwamba zamu ya mtu hailiwi. Tangu siku hiyo hatujarusha dadu. Tunakuja baada ya alasiri, tunakunywa kahawa na tunabishana kuhusu vitabu.

Huyu Kibwana tunamwita Kanuni. Alikuwa mtunza ghala kule chuo cha uvuvi Mbegani mpaka alipostaafu, na Kiingereza chote cha vitabu hivi tumekisikia kupitia mdomo wake. Siku ninayoisimulia alikuwa amekaa mahali pake, miwani kwenye paji la uso, Najim akaja na furushi. Najim ni fundi simu, nasi tunamwita Apdeti, kwa sababu kwake kitu cha mwaka jana ni cha kale.

Najim: Shikamoo, mzee Kanuni.

Kibwana: Marahaba. Umebeba matofali?

Najim: Toleo la nne hilo. Shangazi kanitumia kutoka Maskati. Juzuu mbili, karatasi za kung'aa, picha za rangi.

Ridhiwani: Mchezo mmoja, vitabu viwili?

Ridhiwani ni mpiga debe wa magari ya Msata, na Msata ndilo jina lake hapa. Stendi akimaliza kujaza gari anakuja kwetu kupumzisha koo, ila hapumzishi.

Najim: Hii nene ni ya kutengeneza watu. Hii nyembamba ni ya kuendesha dunia.

Habiba: Dunia ndiyo nyembamba?

Najim: Ndiyo, Bi Habiba.

Habiba: Basi walioandika hawajawahi kulea.

Habiba anakaanga vitumbua mwisho wa benchi, na anacheza bila kugeuza shingo kutoka kwenye kikaango. Mtu wake ni askari mwenye cheo, hajapata kushindwa vita hata moja, kwa hiyo jina lake hapa ni Kamanda.

Kibwana aliipima juzuu nene mkononi, akaipima na ile nyembamba, akazirudisha.

Kibwana: Kile cha kwanza kilikuwa na kurasa sitini na nne. Kimebanwa kwa pini mbili. Kinaingia mfuko wa shati.

Najim: Na chini ya mguu wa benchi, maana ndiko mlikokiweka mwaka mzima.

Kibwana: Benchi lilikuwa linacheza.

Najim: Sasa mimi nawaambia kwa nini vinanenepa. Dunia imeongezeka, mzee. Kile chembamba hakijui simu wala kompyuta. Mtu wako akitaka kuwasiliana na mwenzake anawasha moto kilimani. Yaani noma.

Ridhiwani: Hamna. Vinaongezeka kwa ubishi. Mimi nakaa na abiria, najua. Toleo la pili lina nusu ukurasa kuhusu mizigo, mtu abebe kiasi gani. Unadhani ilitoka wapi? Kuna mmoja alikuja na mbuzi, akasema mbuzi si mzigo, anatembea mwenyewe. Wakabishana mpaka jua likazama. Kesho yake wameandika. Kila ukurasa humo ni abiria mmoja msumbufu.

Najim: Kurasa mia tano na sitini, zote abiria?

Ridhiwani: Panda gari la Msata siku ya mnada uone kama hawafiki.

Kibwana: Wanazeeka hao.

Habiba: Kina nani?

Kibwana: Walioandika. Angalieni wenyewe. Kitabu cha kwanza, mtu anaruka kutoka ghorofani, anainuka, anakimbia. Vijana wameandika. Toleo la pili, akiruka anapumzika kidogo. La tatu, lile jekundu, akiruka goti linamuuma siku tatu. Hili sijalisoma, lakini naapa ndani yake kuna habari za usingizi.

Najim alifungua mwishoni kwenye orodha, akatembeza kidole.

Najim: Lipo jedwali. Usipolala vizuri unapungukiwa nguvu.

Kibwana: Na chakula?

Najim: Ukikosa mlo mmoja unapungukiwa.

Kibwana: Toleo la tano litakuwa na presha. Mkiwa hai mtanikumbuka.

Bwanausi, mwenye birika, alikuwa anasuuza vikombe. Yeye hachezi, lakini sinia ni lake, kwa hiyo hujihesabu mwamuzi.

Bwanausi: Mimi naona hao waandishi wamegombana. Mwanzo walikuwa wanaandika pamoja, kitabu kimoja. Sasa hawasemeshani. Huyu kachukua watu, huyu kachukua dunia. Ndiyo maana juzuu mbili.

Ridhiwani: Hapo umesogea, lakini hujafika. Wale watu wanatusikiliza.

Habiba: Wanatusikiliza sisi?

Ridhiwani: Sisi hapa. Mnakumbuka hadithi ya jumba la sultani, Kamanda alipommwagia mlinzi uji wa moto? Hapakuwa na kanuni. Chembamba kimya, la pili kimya. Kanuni akaamua mwenyewe kwamba mlinzi amelegea, hawezi kupigana. Haya. Lilipokuja lile jekundu, ukurasa wa mia na kumi, kuna nini? Kimiminika cha moto.

Najim: Duh.

Ridhiwani: Na wiki ile ile ya uji alikaa hapa mtalii, pale alipokaa Apdeti. Anasema anasubiri usafiri wa Saadani. Siku mbili anasubiri, na anaandika. Nani anasubiri Saadani siku mbili na kalamu?

Habiba: Wameandika uji?

Najim: Kimiminika.

Habiba: Basi wameficha ushahidi.

Bwanausi: Na je, kama hao waandishi nao ni watu wa mchezo? Mtu amekaa mahali, anawarushia dadu. Akipata ndogo, wanaongeza ukurasa.

Kibwana: Astaghfirullah. Mimina kahawa, Bwanausi.

Kahawa ikamiminwa. Niseme ukweli, hapo ndipo maongezi yetu hukomea kila siku. Nadharia ikishapanda mpaka mbinguni tunapumzika. Lakini siku hiyo Najim hakupumzika. Alikuwa ameweka alama ya karatasi ya peremende kwenye juzuu nyembamba, akaifungua hapo.

Najim: Mzee wangu, sikuleta kitabu kwa ajili ya picha. Kuna kitu humu. Mchezaji asipokuwepo, mtu wake anaweza kurushiwa na mwenzake, au na mwendeshaji. Imeandikwa wazi.

Kibwana: Zamu ya mtu hailiwi.

Najim: Haliwi mtu hapa. Tunamrushia mzee Sadallah zile dadu, tunajua moja, hadithi inasonga. Miezi kumi na minne, mzee. Kamanda amesimama ukingoni na bunduki, Msata ameshika mwisho wa kamba, mimi nimekaa juu ya jiwe na mguu mmoja. Tutazeekea pale?

Ridhiwani: Mikono imeniuma, kusema kweli.

Kibwana: Kitabu cha kwanza, ukurasa wa thelathini na moja. Zamu ya mtu hailiwi. Nimewasomea mara ngapi?

Najim: Umetusomea. Nataka kuuona.

Kibwana alikitoa kitabu chembamba kwenye mfuko wa kanzu. Kilikuwa laini kama noti kuukuu. Najim akafunua taratibu, maana pini moja imeshatoka. Ishirini na tisa, thelathini. Halafu thelathini na tatu.

Najim: Haupo.

Kibwana: Ulichanika. Ndiyo maana naujua kwa kichwa.

Habiba aligeuza kitumbua, akageuza kingine, kisha akasema bila kutuangalia.

Habiba: Ukurasa huo nilifungia vitumbua mimi. Mwaka ule karatasi ziliniishia. Nikaona mmeuacha chini ya benchi, nikadhani hamuutaki.

Kibwana: Habiba.

Habiba: Nisamehe. Ila niliutazama kabla sijafunga. Ulikuwa na picha ya farasi, ukurasa mzima. Nyuma yake bei za silaha. Habari za zamu hazikuwemo mle, Kibwana.

Ridhiwani aliweka kikombe chini. Sisi wote tulimtazama Kibwana, na yeye alitazama ng'ambo ya barabara, pale kwenye duka la kudurufu, kama vile ana miadi na mtu huko.

Najim: Kwa hiyo kanuni umeitunga.

Kibwana: Mwendeshaji anaruhusiwa kutunga.

Najim: Ikikufaa wewe. Mimi nilirusha kwa kushoto, mkono wa kulia una simu ya mteja, nikapata nne. Nne, jamani. Mkaifuta. Nikarudia kwa kulia, kumi na sita, mguu wa mtu wangu ukaliwa na mamba. Siku hiyo hukutunga kitu. Kanuni ya kijiwe ni kanuni, ulisema.

Kibwana: Mguu ni mguu.

Habiba: Unaogopa dadu, Kibwana. Sema tu.

Kibwana: Tisa kushuka chini ni ngumu. Nimepiga hesabu. Mara tatu atakosa kwa kila nane.

Najim: Mara tano.

Kibwana: Unaona? Tano.

Najim: Na akikosa hafi lazima. Chembamba kinasema ukianguka umekufa, mstari mmoja. La pili linakupa nusu ukurasa wa kubahatisha. Jekundu lina jedwali la urefu. Hili jipya linauliza mpaka umeangukia nini. Akiangukia majani, anapona.

Kibwana: Korongo lina mawe.

Najim: Wewe ndiye uliyeweka mawe.

Kibwana: Niliyaweka kwa sababu Sadallah alikuwa anacheka.

Alivua miwani kwenye paji, akaipangusa kwa ncha ya kanzu, na alipoanza kusema tena sauti ilikuwa imeshuka.

Kibwana: Kila Ijumaa nikitoka msikitini napita kwake. Nakaa. Hasemi. Namweleza habari za soko, ananitazama tu. Lakini nikimwambia, Sadallah, daktari wako bado yupo kwenye kamba, anakonyeza jicho hili la kushoto. Hilo ndilo neno letu. Nyie mnataka nirushe dadu hapa, ziseme ameanguka, halafu Ijumaa nikakae pale nimwambie nini?

Najim aliifunga juzuu nyembamba, karatasi ya peremende ikabaki imechungulia nje. Bwanausi alizungusha birika kuwapa wasiomaliza, na nadhani tungetawanyika hivyo hivyo kila mtu na lake, kama Samia asingetokea.

Samia ni binti wa Sadallah, wa mwisho. Hajawahi kuja kijiweni kwetu. Alipita kando ya kikaango cha Habiba, akasimama mbele ya benchi na ushungi wake ameushika kidevuni.

Samia: Shikamooni.

Kibwana: Marahaba, mwanangu. Kuna salama?

Samia: Salama, mzee. Baba ameanza kusema. Tangu Jumapili. Si maneno mengi. La kwanza alisema maji. La pili alisema dadu.

Kibwana alishika ukingo wa benchi.

Samia: Jana na leo anahangaika na neno moja, tumechukua asubuhi nzima kulielewa. Amenituma nije kuuliza. Mkono wa kulia hauna kazi. Anauliza, wa kushoto unaruhusiwa?

Swali lenyewe ndilo hilo. Sisi ambao tulikuwa tunajua kwa nini vitabu vinanenepa, nani anaviandika na nani anatusikiliza, tulitazamana.

Ridhiwani: Kanuni ya kijiwe ni kulia.

Najim: Kitabu kinazungumzia mkono usiouzoea. Toleo la nne, juzuu ya kwanza. Unapunguziwa manne. Tisa inakuwa tano.

Habiba: Hiyo ni ya daktari au ya Sadallah?

Najim: Ya daktari. Nadhani.

Habiba: Daktari ana mikono yote miwili. Ameshikilia kamba kwayo.

Ridhiwani: Basi tupunguze kwa anayerusha.

Habiba: Wapi kimeandikwa kuhusu anayerusha?

Najim alifunua. Kibwana naye alifunua chembamba, ingawa kina kurasa sitini na mbili tu na anakijua chote. Nilichukua lile jekundu, nikaanza mwishoni. Vitabu vyote vina mkono wa mtu wa kwenye hadithi: mkono wenye upanga, wenye ngao, mkono wa chuma. Mkono wa mtu aliyekaa nyumbani kwake akitaka kucheza haumo, katika toleo la kwanza wala la nne.

Samia: Nimwambie nini?

Bwanausi akainamisha birika juu ya kikombe cha Ridhiwani. Likatoka tone moja, halafu machicha.

Bwanausi: Kahawa imekwisha.

Na kahawa ikiisha mchezo umekwisha, mpaka kesho. Tuliwahi kusema kesho mara moja. Kibwana akaingiza mkono mfuko wa ndani, akatoa leso iliyofungwa fundo, na tulijua kilichomo kabla hajafungua. Miezi yote hiyo amelala na kuamka nazo ili mtu asije akazirusha.

Kibwana: Bwanausi, tuazime sinia.

Bwanausi: Na vikombe niviweke wapi?

Kibwana: Viweke kwenye benchi. Lazima iwe mbele ya watu wote. Twendeni sote.

Tukaenda. Habiba aliinua kikaango motoni akamwachia jirani, jambo ambalo hakulifanya hata siku ya tetemeko. Bwanausi alibeba sinia mwenyewe. Njiani Kibwana hakuacha kufunua kitabu, anasoma huku anatembea, Samia anamshika kiwiko asikanyage mfereji.

Sadallah alikuwa kibarazani kwake, kwenye kiti chenye mito miwili. Amekonda. Alituona, tukampa salamu, na kabla hatujamaliza alikuwa ameunyoosha mkono wa kushoto, kiganja juu. Kibwana alisimama mbele ya mkono ule, kitabu mkono mmoja na leso mkono mwingine. Alikifunga kitabu. Akaziweka dadu kiganjani, moja moja.

Sadallah hakupuliza, hana pumzi hiyo. Alirusha. Mbili zilitua ndani ya sinia, ya tatu ikagonga ukingo, ikazunguka, ikalala.

Nne, mbili, moja.

Ridhiwani: Saba.

Saba, kwa kitabu chembamba, daktari amepanda juu. Saba, kwa toleo jipya lenye manne ya mkono usiouzoea, daktari yuko chini kwenye mawe. Kwa kanuni ya kijiwe dadu hazikurushwa kabisa. Sadallah alikuwa anamtazama Kibwana, na Kibwana, ambaye amekuwa akitusomea kanuni kwa miaka yote hiyo, alikiacha kitabu kimefungwa. Akamgeukia Najim. Sote tukamgeukia Najim, kwa sababu kitabu ni chake, na mguu ulioliwa ni wa mtu wake.

Najim: Saba ni chini ya tisa. Amepanda.

Ridhiwani: Na yale manne?

Najim: Manne yapi?

Ridhiwani: Ya kitabu chako.

Najim: Kitabu nimekisahau kijiweni.

Kilikuwa kwapani mwake, juzuu zote mbili, na karatasi ya peremende imechungulia nje. Sadallah alikiona. Akamkonyeza.